Wiki sita na Ian Holm: mwongozo kwa kundi la maigizo la Moshi

Katika filamu zetu kila kijana anataka awe stelingi. Anayepewa baba mwenye nyumba, karani wa mahakama au kocha huhesabiwa kuwa amekosa nafasi. Ian Holm, Mwingereza aliyezaliwa 1931 na kufariki Juni 2020, alikula mkate wake kwa nafasi hizohizo. Mwaka 1954 alianza Stratford-upon-Avon, mji wa Shakespeare huko Uingereza, akiingia jukwaani kama mlinzi mwenye mkuki. Mara ya mwisho alionekana kwenye filamu ya 2014. Hiyo ni miaka 60 ya kazi, na sehemu kubwa yake hakuwa mhusika mkuu. Alikuwa mfupi, na sura yake haikuwa ya kusimamisha watu barabarani. Kilichomweka kazini ni kwamba kila mtu aliyemwigiza, hata wa dakika tano, alikuwa na kitu anachokitaka na shughuli anayoifanya kwa mikono. Vitu hivyo viwili vinaonekana kwa macho, vinaandikika, na mnaweza kuvifanyia mazoezi sebuleni Majengo, Pasua au Soweto.

Mwongozo huu ni wa watu sita hadi wanane, mara mbili kwa wiki, muda wa saa mbili kila mkutano. Wakizidi wanane, wawili watatu huishia kuwa watazamaji, na mtazamaji haondoki na ujuzi wowote.

Vifaa kabla ya yote

Kwa kundi dogo, runinga ya inchi 43 ni bora kuliko projekta. Projekta ya bei nafuu ikimulika shuka jeupe hugeuza weusi kuwa kijivu. Alien, ambayo mtaitazama wiki ya tatu, ni filamu ya giza: nusu ya kazi ya Holm mle ni macho ya mtu aliyesimama pembeni, na kwenye shuka macho hayo hayaonekani. Mkikosa runinga kabisa, picha ya projekta isizidi upana wa meta moja na nusu. Shuka livutwe kwa kamba juu na chini lisipepee, na msianze kabla ya saa moja na nusu usiku. Jua la Moshi likizama, mwanga hubaki dirishani kitambo, na mwanga kidogo tu unatosha kuharibu picha.

Sauti ipite kwenye waya. Spika ya bluetooth mara nyingi huchelewesha sauti kwa sehemu ndogo ya sekunde. Anayetazama kwa burudani hataona tofauti, lakini ninyi mtakuwa mnapima pumzi inavyotangulia neno, na kipimo chenu kitakuwa cha uongo. Angalieni na paa. Chini ya mabati, mvua ya masika ya kati ya Machi na Mei inafunika kila kitu, hivyo pangeni wiki zenu sita kuanzia Juni.

Umeme ukikatika katikati ya sini, kazi ya usiku huo imevurugika. Betri ya volti 12 yenye Ah (ampea-saa) 100 ina kama wati-saa 1,200, lakini betri ya asidi isitumike zaidi ya nusu, la sivyo itakufa mapema. Nusu hiyo, wati-saa 600, inaendesha runinga ya wati 90 na deki ya wati 25 kwa zaidi ya saa nne. Projekta ya wati 250 na kompyuta mpakato vitaimaliza ndani ya muda wa saa mbili.

Kuhusu kopi za filamu: nunueni au kodisheni kopi halali, na msichukue zile zilizotafsiriwa na msimulizi wa banda la video. Usimulizi ule ni ufundi nao, ila unafunika sauti ya mwigizaji, na sauti ndiyo nusu ya somo. Wekeni maandishi ya Kiingereza chini ya picha. Msitangaze wala kutoza kiingilio, maana mkishafungua mlango kwa umma mnahitaji ridhaa ya mwenye filamu na kibali cha Bodi ya Filamu.

Daftari na namna ya kutazama

Nunueni kaunta buku moja la kundi zima. Kila ukurasa uchoreni safu sita: mwaka, mhusika, anataka nini, mikono inafanya nini, sauti ikoje, anaficha nini. Safu ya mwisho ndiyo ngumu kujaza, na mara nyingi ndiyo inayofungua zile nyingine. Msiandike sifa kama "mpole" au "mkali", kwa sababu hakuna mtu anayeweza kuigiza neno "mpole". Andikeni kitendo: "anafunga vifungo vya koti kabla ya kujibu."

Sini moja isizidi dakika nne, na itazamwe mara tatu. Mara ya kwanza zimeni sauti kabisa, mwandike mwili tu: uzito uko mguu gani, shingo imekaaje, mikono iko wapi, anapepesa macho lini. Mara ya pili funikeni kioo kwa kanga na kusikiliza. Andikeni anapovuta pumzi, neno analolirefusha, na pale anaponyamaza kuliko ilivyotarajiwa. Mara ya tatu tazameni vyote pamoja, na mtu mmoja tu ashike rimoti. Watu watatu wakiigombania rimoti, dakika nne za sini hugeuka saa nzima ya mabishano.

Makundi mengi huruka ile mara ya kwanza kwa kuona ni kupoteza muda. Wakifanya hivyo huishia kujadili hadithi. Sauti ikiwepo akili hukimbilia kutaka kujua kinachofuata, na mwili wa mwigizaji unapita bila kuangaliwa.

Wiki ya kwanza: mkuki

Wiki hii runinga izimwe. Chukueni Juliasi Kaizari, tafsiri ya Mwalimu Nyerere iliyotoka 1963 na kusahihishwa 1969. Ulizeni Maktaba ya Mkoa kama hamna nakala. Wahusika wakuu waacheni kabisa. Gawaneni hawa: mtabiri anayemwonya Kaizari kuhusu tarehe 15 Machi; Lucius, kijana mtumishi anayesinzia huku akipiga ala hemani; na mshairi Cinna, anayetokea mara moja na kuuawa na umati kwa sababu tu jina lake linafanana na la mmoja wa wauaji.

Kila mmoja aandike majibu ya maswali matatu kwa sentensi moja moja. Dakika tano zilizopita alikuwa wapi? Amebeba nini? Anataka nini kwa mtu aliye mbele yake? Kisha aingie na kukaa sekunde kumi bila kusema neno. Wenzake waseme walichokiona. Wakitaja hisia peke yake, aingie tena. Wakitaja jambo, kwa mfano "ametembea umbali mrefu, kiatu cha kulia kinambana", amefaulu.

Lucius ndiye mtihani mzuri kuliko wote. Anayejifunza huangusha kichwa, hufumba macho na kukoroma. Mtu mwenye usingizi wa kweli hupigana nao: hufumbua macho kwa nguvu, hukaa wima ghafla, hushika ala yake vizuri zaidi kuliko mwanzo, halafu anazidiwa. Mfanyieni mazoezi yule anayepigana na usingizi, na usingizi wenyewe utafuata.

Kisha kipimo cha adabu ya jukwaani. Watu wawili wakae mbele, na mtu asome maneno ya Brutus, mmoja wa wahusika wakuu, huku mwenye mkuki amesimama nyuma yake. Kila macho yao yanapomkimbilia mwenye mkuki, wanyooshe kidole. Vidole vikinyooshwa zaidi ya mara mbili kwa dakika, mwenye mkuki anafanya mambo mengi mno. Mwongozaji humkumbuka mwigizaji mdogo aliyekuwa hai bila kuiba sini, naye ndiye anayempigia simu tena.

Wiki ya pili: kocha aliye nje ya uwanja

Hii ndiyo wiki ya kukaa nayo, na mkihitaji mikutano mitatu, fanyeni mitatu.

Katika Chariots of Fire ya 1981, Holm ni Sam Mussabini, kocha wa Harold Abrahams aliyeshinda mbio za meta 100 katika Olimpiki ya Paris ya 1924. Mussabini alikuwa kocha wa kulipwa, na wakati ule michezo ilitakiwa kuwa ya ridhaa, hivyo haingii uwanjani. Anasubiri peke yake chumbani hotelini. Mbio haoni. Anachoona kupitia dirishani ni bendera ya Uingereza ikipanda, na wimbo wa taifa unamfikia. Hapo anaipiga ngumi kofia yake ya majani hadi mkono unatokea upande wa pili. Kwa nafasi hiyo Holm alipata BAFTA, tuzo ya filamu ya Uingereza, ya mwigizaji msaidizi na kuteuliwa kugombea Oscar. Wakati filamu ilipotoka alikuwa anaingia miaka 50.

Tazameni mara tatu kama ilivyoelezwa, kisha jibuni swali moja: kwa nini kofia? Mtu amejizuia tangu sini ianze, furaha imekuja, na chumbani hakuna wa kumkumbatia. Mikono imeshika kofia, basi furaha inatokea pale ilipo mikono. Kitu kilikuwa mkononi kabla ya hisia kufika. Waigizaji wengi husubiri hisia ije, ndipo watafute cha kufanya, na ndiyo maana mikono yao inaonekana imekodishwa.

Msiige ngumi na kofia. Fanyeni kwa mahali penu: kocha wa riadha amesimama nje ya ukuta wa Uwanja wa Ushirika siku ya Kilimanjaro Marathon. Hana pasi ya kuingia. Mwanafunzi wake anakaribia mstari wa kumalizia, na kocha anasikia spika ya mtangazaji na kelele za watu. Kila mwigizaji achague kitu kimoja cha mkononi: chupa ya maji, saa ya kupimia muda, kiatu cha mbio cha akiba, gazeti lililokunjwa. Sheria ni tatu. Kitu kiwe mkononi tangu mwanzo. Kitumike kwa kazi yake ya kawaida angalau mara moja kabla ya habari kufika. Habari ikifika, mwigizaji asiseme lolote kwa sekunde kumi na tano.

Rekodini kwa simu. Iwekeni kwenye stendi au juu ya matofali, kimo cha macho, imelala kwa upana, umbali wa meta moja na nusu. Mwanga wa dirisha uje kutoka ubavuni, maana ukitoka nyuma ya mwigizaji uso unakuwa kivuli. Fungieni fokasi kwa kubonyeza uso na kushikilia, la sivyo simu itahangaika kila mkono unapopita. Dakika moja ya video ya HD kamili (1080p) huchukua kama MB 100 hadi 150, hivyo futeni nafasi kabla hamjaanza.

Kila mtu arudie mara tatu, halafu mlinganishe. Je, kiatu kilihama mkono? Kifuniko cha chupa kilifunguliwa kabla au baada ya habari kufika? Katika kushuti filamu, sini moja hurudiwa kutoka pembe nyingi, na mkono usipokuwa mahali palepale vipande havishonwi. Mhariri hatakilalamikia kipande chako, atakitupa tu. Andikeni pembeni ya skripti: neno gani, mkono gani. Ni kazi kavu, lakini imewaweka waigizaji wengi wadogo ndani ya filamu ambazo wenzao walikatwa.

Kosa linalojirudia wiki hii ni chozi. Chozi likitoka mapema, mtazamaji hana la kusubiri tena. Anayelia sekunde ya pili arudie zoezi huku akijitahidi kwa nguvu zote asionekane na wapita njia.

Wiki ya tatu: kutazama mara ya pili ukiwa unajua

Alien ni ya 1979. Ina damu na vitisho, watoto wasiwepo. Holm ni Ash, afisa wa sayansi ndani ya chombo cha angani, na baadaye inajulikana kwamba si binadamu bali ni mashine iliyotumwa kulinda maslahi ya kampuni. Mkutano wa kwanza tazameni filamu nzima bila kuandika chochote. Mkutano wa pili rudini kwenye sini zake za mwanzo tu, sasa mkiwa mnajua siri.

Anzeni na pale anapofungua mlango kumwingiza mwenzao aliyeshambuliwa, kinyume na amri ya karantini. Mara ya kwanza alionekana mtu mwenye huruma. Mara ya pili ni mtu anayetekeleza maagizo. Holm alilazimika kucheza sini moja iliyo kweli mara mbili, na mkimchunguza mtaona hakumkonyeza mtazamaji hata kidogo. Anafanya kazi yake: anatazama vipimo, anajibu alichoulizwa, anasimama mahali panapomfaa. Ugeni wake uko katika utulivu uliozidi kidogo tu. Jazeni safu ya "anaficha nini" kwa sini tano, mkitaja kitendo kimoja kwa kila sini.

Zoezi lake: karani wa duka la dawa anajua kuwa dawa anayoulizwa imeisha na kwamba mwenye duka amemkataza kusema. Mteja ni mama mwenye mtoto mgonjwa. Dakika mbili. Watazamaji wasijue siri, na baada ya kumaliza waandike karani ni mtu wa namna gani. Kisha waambiwe siri, nao waseme ni kitendo kipi sasa kina maana nyingine. Wakisema "nilijua tangu mwanzo", karani alicheza siri badala ya kucheza kazi. Dawa ya kosa hilo ni kumpa shughuli halisi: ahesabu vidonge 30 katika mafungu ya kumi kumi huku akijibu. Akili ikiwa kwenye hesabu, uso huacha kutangaza.

Wiki ya nne: Napoleon mara tatu, na nguo za Memorial

Holm alimwigiza Napoleon katika mfululizo wa televisheni wa 1974, katika Time Bandits ya 1981, na katika The Emperor's New Clothes ya 2001. Ni mtu mmoja kwa njia tatu, katika muda wa miaka 27. Mkipata hizo mbili za mwisho inatosha. Katika ile ya 1981 ni mtu mdogo aliyelewa, anayehesabu urefu wa mashujaa wafupi wa historia. Katika ile ya 2001 ametoroka kisiwa cha Mtakatifu Helena, amejikuta Paris bila wa kumwamini, na anapanga biashara ya mjane muuza matikiti kama anayepanga vita. Jenerali huyu mnaweza kumpeleka soko la Mbuyuni bila kubadili chochote. Mpeni meza, matikiti manne, wauzaji watatu wa kuwaamrisha, na dakika tatu.

Kwa zoezi hili tafuteni mavazi, mkianza na viatu. Soko la mitumba la Memorial lina viatu vya kila aina, na kiatu hubadili mwendo, mwendo ukabadili mgongo, mgongo ukabadili sauti. Nunueni vikubwa kwa namba moja na kujaza gazeti mbele, maana vinavyobana vitamfanya kila mhusika achechemee. Koti liwe pana mabegani kwa anayecheza mtu anayejikuza. Fanyeni mazoezi yote na kiatu hicho kuanzia siku ya pili. Anayevaa kiatu cha mhusika usiku wa onyesho tu atajikwaa, na hofu itaanzia hapo.

Wiki ya tano: sauti

Mwaka 1981 Holm alikuwa Frodo, mhusika mkuu, katika mchezo wa redio wa BBC uliotokana na The Lord of the Rings. Miaka 20 baadaye akawa Bilbo, mjomba wa Frodo, katika filamu. Mwaka 2007 alitoa sauti ya Skinner, mpishi mfupi mwenye hasira katika Ratatouille, ambamo mwili wake haumo kabisa.

Zoezi ni la shuka. Mwigizaji akae nyuma ya shuka asome mistari kumi kwa watu watatu tofauti, asibadili lafudhi, abadili mwendo wa pumzi tu: anayevuta pumzi kila maneno manne, anayemaliza sentensi bila hewa, anayetua kabla ya jina la mtu. Lafudhi iachwe mwisho. Lafudhi ya Mchaga au Mmeru ikitangulia, watu watacheka na mwigizaji ataridhika nayo, na mhusika hatazaliwa. Nendeni stendi kuu mkae nusu saa kusikiliza wapiga debe. Sikilizeni tu, msimrekodi mtu bila ruhusa yake.

Wiki ya sita: pete, na hofu

Kutoka The Fellowship of the Ring ya 2001 tazameni sini moja tu: Bilbo anapoachia pete ya uchawi, ambayo imemshika asitake kuiacha, kabla ya kuondoka nyumbani. Haitupi. Kiganja kinainama polepole mpaka pete inateleza yenyewe na kuanguka. Fanyeni kwa sarafu ya shilingi 200, kila mmoja akijiambia kimoyomoyo ni nini hasa anakiacha. Kiganja kikiinama kwa mwendo mmoja tangu mwanzo hadi mwisho, ni mkono wa mtu anayemwaga maji. Lazima kisite, kirudi kidogo, kiendelee.

Sasa jambo zito. Mwaka 1976, katika maonyesho ya majaribio ya tamthilia ya The Iceman Cometh, hofu ya jukwaa ilimzidi Holm hata akatoka, na kwa miaka mingi karibu aliacha kabisa kuigiza jukwaani. Alien na Chariots of Fire ni za kipindi hicho. Alirudi 1993 katika tamthilia ya mwandishi Mwingereza Harold Pinter, na 1997 akamcheza Mfalme Lear wa Shakespeare katika ukumbi mdogo wa National Theatre, London, akiwa na miaka 65. Lear huyo alimpa Olivier, tuzo ya maigizo ya jukwaani ya London. Mtu wa kundi lenu akikwama, asiambiwe hana kipaji. Apewe redio, apewe kamera, aendelee kufanya kazi.

Kinga zipo. Mistari ikaririwe kwa kutembea na kufanya shughuli ya sini ileile, kwa sababu anayekariri amelala kitandani huipoteza akisimama. Kila mwigizaji awe na kadi yenye neno lake la kwanza la kila kuingia, imebandikwa nyuma ya pazia, kwani akili inayokwama hukwama zaidi mlangoni. Mnong'onezaji awe mmoja anayejulikana, anayefuata skripti kwa kidole tangu mwanzo. Kila jozi ikubaliane sentensi moja ya kurukia mbele mtu akipotea. Chakula kiwe kimeliwa muda wa saa mbili kabla. Kabla ya kuingia, pumzi ivutwe kwa hesabu ya nne na kutolewa kwa hesabu ya sita, mara tano. Kutoa kurefu kuliko kuvuta ndiko kunakotuliza moyo, lakini wengi hufanya kinyume na kuzidi kutetemeka.

Usiku wa mwisho alikeni watu ishirini wa karibu, muwaonyeshe dakika ishirini za kazi yenu: kocha wa Ushirika, karani wa dawa, jenerali wa Mbuyuni, Lucius na ala yake. Waambieni waandike mhusika mmoja waliyetaka kumfuata nyumbani, na kitu alichokuwa nacho mkononi. Karatasi hizo zibandikeni kwenye kaunta buku, ukurasa wa mhusika husika, pamoja na tarehe. Mwongozaji yeyote wa Arusha au Dar akiwauliza mmewahi kucheza nini, mpelekeeni ukurasa huo na video ya dakika moja, si picha za mapozi.